Chupa Nyuma ya Goli

"Namba tisa," alisema Akiba. Aliikata plasta nyeupe kwa meno, akaizungusha kwenye chupa ya maji na kuibana kwa kidole gumba. "Penalti kumi na moja katika misimu miwili. Tisa zimekwenda kulia kwako. Ukimwona ameshika kiuno kabla ya kupiga, usijiulize maswali."

"Na asiposhika?"

"Atashika. Kiuno ni chake, hajakisahau nyumbani."

Kufuli alicheka. Alikuwa ameketi kwenye benchi la mbao katika chumba cha kubadilishia nguo, akijifunga vidole kimoja kimoja kama mtu afungaye vifurushi. Alikuwa kipa namba moja, na watangazaji wa redio ndio waliompa jina la Kufuli. Akiba alikuwa kipa namba mbili. Jina lake alipewa na wenzake katika msimu wake wa kwanza, alipomaliza mechi zote ishirini na mbili bila kuvua koti la benchi. Akiba haiozi, walimwambia, wakimpigapiga mgongoni. Katika msimu wa tatu alianza kuwajibu kwamba haiozi, lakini huota ukungu. Walicheka wote, naye akacheka nao. Huu ulikuwa msimu wa nne.

Aliandika kwa kalamu ya wino mzito: 9, kisha mshale wa kulia. 4, mshale wa kushoto. 11, katikati. Herufi zake zilikuwa kubwa na zilizosimama wima, ili mtu mwenye jasho machoni azisome kwa mara moja. Chupa hiyo ilikaa nyuma ya goli, karibu na mlingoti. Timu yao ikiadhibiwa kwa penalti, Kufuli alikwenda kunywa maji taratibu, akasoma, akarudi kwenye mstari. Mtangazaji mmoja aliwahi kuwaambia wasikilizaji kwamba binti huyu hushikwa na kiu ya woga. Msimu ule Kufuli aliokoa penalti tano. Kiu ile ilikuwa kazi ya Akiba.

Kazi hiyo ilikuwa na daftari lake, lenye jalada gumu na pembe zilizochakaa. Alikuwa akikaa jukwaani kwenye mechi za timu nyingine, peke yake, akiandika nani kapiga wapi, kwa mguu upi, baada ya hatua ngapi. Alimjua kila mpigaji penalti wa ligi kuu ya wanawake kama mama ajuavyo ni mtoto gani anayedanganya. Kitu pekee ambacho daftari halikuwa nacho ni penalti aliyopigiwa yeye.

Simu ya mama yake ilikuwa imeingia saa moja asubuhi. Mama alishona sare za shule katika mji wa mbali, na alizungumza huku cherehani ikiendelea, kwa hiyo sentensi zake zilikatika pale mshono ulipokatika. Alisema viongozi wa timu ya pale mjini walikuwa wamepita tena nyumbani. Walitaka kujua kama jezi iandikwe namba moja.

"Ukawajibuje, mama?"

"Nimewaambia waandike. Kwani nimekosea?"

Akiba alisema hajakosea. Hakumwambia kwamba dirisha la usajili lingefungwa kesho saa sita mchana, na kwamba bila barua ya kuachiwa kutoka klabu yake, jezi ile ingevaliwa na mtu mwingine. Timu ya mjini kwao ilikuwa imeshamtafuta mtu huyo, kwa tahadhari. Hawakuficha. Walimwambia kwamba wanamtaka yeye kwanza, lakini hawawezi kuanza msimu na goli tupu. Alikuwa na umri wa miaka ishirini na tisa. Mkataba wake ulikuwa na mwaka mmoja zaidi, na mwaka mmoja zaidi kwenye benchi ungemfikisha thelathini bila dakika hata moja ya ligi. Nani angemtaka hapo?

Mwezi uliopita alikwenda kwa Mwenyekiti wa klabu kuomba aachiwe. Mwenyekiti alimsikiliza vizuri, akampa kiti, akamwita mwanangu. Alimwambia ligi ikiisha salama, barua ataipata. Akiba alitoka pale mwepesi. Ni leo asubuhi tu, kwenye korido nyembamba iliyonuka dawa ya kuchua misuli, alipofahamu maana ya neno salama.

Meneja wa timu ndiye aliyemfahamisha. Alikuwa mwanamke mpana, mwenye mkoba mweusi ambao haukuwahi kuonekana mbali na kwapa lake. Alimvuta Akiba pembeni, akafungua zipu, akamwonyesha ncha ya bahasha ya kaki.

"Barua yako hii. Imeshasainiwa," alisema. "Lakini nisikilize, mdogo wangu. Tukichukua ubingwa, tunakwenda mashindano ya bara. Kanuni za huko zinataka makipa watatu, na sisi tunao wawili. Mwenyekiti amesema haondoki kipa yeyote."

"Na tukikosa?"

Meneja alitazama huku na huko. "Tukiwa wa pili hakuna mashindano, na hana haja na kipa wa ziada. Nakupa leo leo, hapa hapa."

Akafunga zipu.

Ndiyo maana, wakati wenzake wakiimba wakielekea uwanjani, Akiba alitembea nyuma yao na mfuko wa mipira begani, akihesabu jambo moja tu. Ili awe huru, timu yake ilipaswa kufungwa.

Sare iliwatosha. Wapinzani walikuwa nyuma kwa pointi mbili, na wao walihitaji ushindi. Uwanja ulijaa kuliko alivyowahi kuuona. Akiba alimpasha Kufuli moto kama siku zote: mipira ishirini ya chini, ishirini ya juu, kumi ya krosi kutoka pembeni. Alipiga kwa bidii ileile. Alijaribu kwa makusudi kulegeza mmoja, ajue ni hisia gani, lakini mguu ulikataa, na mpira ukaruka hadi kwenye kona ya juu. Kufuli aliudaka, akamwonyesha dole gumba.

Kisha Akiba akarudi benchi, akavaa koti.

Kipindi cha kwanza Nahodha wao alifunga kwa kichwa. Benchi zima liliruka. Akiba naye aliruka, kwa sababu mtu aliyeketi peke yake huonekana. Alipokaa tena, mkoba wa Meneja ulikuwa umeanguka miguuni pake. Aliuokota, akaukung'uta vumbi, akamrudishia mwenyewe. Walitazamana kidogo, wakaacha.

Dakika ya sitini wapinzani walisawazisha. Mfungaji alikuwa namba tisa wao, msichana mwembamba aliyeitwa Sindano, kwa jinsi alivyopenya. Matokeo yakawa moja kwa moja. Moyo wa Akiba uliinuka, naye akaona haya, kama mtu aliyekutwa akicheka msibani. Alijifunika taulo kichwani, wenzake wakadhani analia. Mmoja wao alimshika goti kumfariji.

Dakika ya sabini na nane Kufuli alitoka kuukimbilia mpira wa kona, akagongana na beki wake mwenyewe, akaanguka. Hakuinuka mara moja. Daktari wa timu alikimbia ndani. Mwalimu, aliyesimama muda wote kwenye mstari huku akitafuna kizibo cha kalamu, aligeuka, na kwa mara ya kwanza katika misimu minne macho yake yalitua kwa Akiba yakatulia.

"Pasha," alisema.

Akiba hakukumbuka alivyovua koti. Alichukua glavu zake na taulo, akakimbia kuzunguka hadi nyuma ya goli lao, upande wa kibendera cha kona. Aliruka. Alijinyoosha. Alitema mate kwenye viganja vya glavu, akavisugua mpaka vikanata. Glavu zilikuwa za mwaka juzi na bado zilinuka upya. Katika dakika zile hakuiwaza bahasha, hakumwaza mama wala kesho saa sita. Aliwaza majani yale mbele ya mstari, jinsi yalivyochimbika upande wa kushoto, na kwamba mpira wa chini ungedunda vibaya pale. Alikuwa kipa tu. Laiti angeitwa wakati ule, angeikamata mipira yote, hata ile ambayo kuidaka kungemfungia ndani mwenyewe.

Kwenye kioo cha ubao wa pembeni, namba ya mchezaji anayetoka iliwaka. Haikuwa moja. Mwalimu alikuwa na nafasi moja tu iliyobaki ya kubadilisha, na alimwingiza beki. Kufuli alikuwa amesimama, vidole viwili vimefungwa pamoja, akiutikisa mkono kama anayekung'uta maji.

Hakuna aliyemkumbuka Akiba kumwita arudi. Alibaki pale nyuma ya goli, taulo mkononi. Hatua tano kutoka kwake, chini ya mlingoti, ilisimama chupa.

Kwa sababu alikuwa karibu, aliona. Dakika ya themanini na nane Sindano alikanyagwa kifundo cha mguu wa kushoto. Ilikuwa mbali na mpira na mwamuzi hakuona. Msichana hakupiga kelele. Alichuchumaa akajifanya anafunga kamba ya kiatu, akakibonyeza kifundo kwa vidole, akasimama na kuujaribu mguu mara mbili. Mara ya pili aliuma mdomo. Kisha akaendelea kukimbia, akiutua mguu ule kwa upole, kama akanyagaye sakafu iliyotoka kupigwa deki.

Dakika ya tisini na tatu mpira uligonga mkono wa beki aliyeingizwa. Filimbi ililia. Mwamuzi alionyesha kidole kwenye doa la penalti.

Jukwaa lililipuka upande mmoja. Akiba alisimama wima. Hesabu yake ilikuwa imemjia yenyewe, bila kuombwa, mbele ya macho: penalti ya mwisho, mpigaji mmoja, bahasha moja.

Sindano aliuchukua mpira. Aliuweka kwenye doa, akarudi nyuma hatua nne, akashika kiuno.

Kufuli alikwenda kwenye chupa. Alikunywa polepole. Macho yake yalishuka kwenye plasta: 9, mshale wa kulia.

Na mshale ule, Akiba alijua, ulikuwa umepitwa na wakati tangu dakika tano zilizopita. Ili Sindano apige kulia kwa kipa, alipaswa kuusimamisha imara mguu wa kushoto na kuuzungusha mwili mzima juu yake. Kifundo kile kisingekubali. Angeufungua mguu wa kulia tu, akausukuma mpira upande ule mwingine, ule wa majani yaliyochimbika. Hakuna aliyejua hivyo uwanjani isipokuwa Sindano mwenyewe na mwanamke mmoja mwenye taulo. Wala hakuna ambaye angemlaumu. Chupa ilisema kweli ya jana. Hakutakiwa kudanganya, kusaliti wala kusogea. Alitakiwa kunyamaza, na kunyamaza alikuwa amekuzoea kwa miaka minne.

Kufuli aliweka chupa chini. Akainua macho, akamtazama.

Walikuwa na ishara. Mazoezini, Akiba aliposimama nyuma ya goli na kuona jambo ambalo chupa haikulijua, aliweka taulo begani. Taulo likilalia upande wa kushoto wa Kufuli, ilikuwa kushoto; upande wa kulia, kulia. Walikuwa wamefanya hivyo mara mia, mara elfu, asubuhi za baridi ambazo hapakuwa na mtu mwingine uwanjani. Akiba aliamua kutofanya lolote. Aliamua kwa akili timamu, na alilisikia neno lenyewe kichwani: nyamaza.

Kisha Kufuli akageuka haraka kuelekea kwenye mstari, na Akiba akahisi kitu chenye unyevu kinamgusa shavu. Taulo lilikuwa begani. Lilikuwa upande wa kushoto wa Kufuli, limenyooka, limewekwa vizuri kabisa, kama linavyowekwa siku zote. Hakujua limefika pale saa ngapi. Alilivuta chini kwa nguvu, lakini aliyetakiwa kuliona alikuwa ameshaliona.

Sindano alikimbia hatua nne. Akaufungua mguu.

Kufuli alikuwa ameshatua upande wa kushoto. Mpira ulidunda kwenye majani yaliyochimbika, ukampiga kifuani badala ya mikononi, akaulalia kama kuku ayalaliavyo mayai. Hakuinuka hadi filimbi ya mwisho.

Kilichofuata Akiba alikiona kupitia nyavu. Wenzake walikimbia kutoka pande zote wakaangukiana juu ya Kufuli, na rundo la jezi likakua mpaka miguu ikawa haijulikani ya nani. Walikuwa mabingwa wa taifa. Mtu alimvuta Akiba mkono akamwingiza. Alibusiwa, akamwagiwa maji, akainuliwa hewani na kushushwa. Katikati ya kelele Kufuli alimpata, akamkumbatia shingoni kwa mkono wenye vidole vilivyovimba.

"Ulijuaje, dada?"

"Kifundo."

Kufuli hakumwachia. Alikuwa anajua habari ya barua na sharti lake, kwa sababu katika chumba chenye vitanda vinne walichokaa pamoja hakuna siri inayolala. Alimsogelea sikioni.

"Ningekuwa mimi, nisingeweka taulo."

Akiba alitaka kumjibu kwamba hata yeye hakuliweka. Lakini maneno hayo, alivyoyageuza kichwani, hayakuwa na mtu wa kuyaamini. Alimgeuza Kufuli mkono, akaangalia vidole, akamwambia akavitie kwenye barafu kabla havijazidi.

Walipanda jukwaani mmoja mmoja. Mwenyekiti ndiye aliyewavisha medali, akitoa jasho na furaha. Alipofika kwa Akiba alimshika mabega yote mawili. Alisema kwa sauti ya kusikika na wageni waalikwa kwamba timu ni familia, na kwamba kwenye familia hii hatoki mtu. Wageni walipiga makofi. Medali ilikuwa nzito kuliko alivyotarajia, na utepe wake ulikuwa mfupi, ukimbana kidogo kooni.

Baadaye Meneja alipita kwenye benchi akikusanya majina ya watakaoandikishwa kwenye mashindano ya bara. Fomu zingetoka kesho, lakini yeye hakuwa mtu wa kungoja kesho. Hakuwa na karatasi. Alipekua mkoba, akatoa bahasha ya kaki, akaigeuza upande usioandikwa kitu, akapiga mistari. Alianza na makipa. Alimpa Kufuli kwanza, kisha akamsogezea Akiba kalamu bila kumtazama usoni.

"Andika kama lilivyo kwenye kitambulisho," alisema kwa upole. "Usije ukaniandikia jina la utani."

Akiba aliiweka bahasha juu ya goti. Alihisi ile karatasi iliyokunjwa ndani, ukingo wake, chini ya kila herufi aliyoiandika. Aliandika majina yake matatu kwa herufi kubwa zilizosimama wima. Akairudisha.

Simu iliita akiwa anakusanya mipira. Mama hakuwa anashona. Nyuma ya sauti yake kulikuwa na majirani.

"Tumesikia kwenye redio. Wamesema kipa ameokoa. Ni wewe?"

"Siyo mimi, mama. Mwenzangu."

"Lakini ulikuwepo."

"Nilikuwepo. Nilikuwa nyuma ya goli."

"Basi," mama alisema, na akawageukia majirani kuwaambia kwamba mwanawe alikuwepo, palepale, nyuma ya goli. Waliposhangilia, Akiba aliisogeza simu mbali na sikio. Mama aliporudi aliuliza kwa sauti ya chini awaambie nini wale watu wa jezi. Akiba alisema atampigia kesho. Mama akauliza kesho saa ngapi. Akasema mchana, baada ya saa sita.

Jua lilikuwa limeshuka nyuma ya jukwaa kuu na kivuli chake kilifika katikati ya uwanja. Wachezaji walikuwa wamekwisha kuingia kwenye basi nje ya geti; nyimbo zao zilisikika zikipanda na kushuka. Akiba alifunga mfuko wa mipira. Akazihesabu glavu za Kufuli, moja, mbili. Chupa haikuwepo.

Alirudi kuifuata. Ilikuwa imepigwa teke kwenye zile purukushani, imelala ndani ya nyavu. Aliiokota, akaketi kwenye mstari wa goli, mgongo kwenye mlingoti. Plasta ilikuwa imelowa pembeni lakini maandishi hayakufutika. 9, mshale wa kulia. Alifungua daftari kwenye ukurasa wa Sindano. Chini ya mistari kumi na moja aliandika wa kumi na mbili, na mbele yake: kushoto, kifundo kinauma, ameokolewa. Alifikiri kidogo. Akaongeza: atakuwa amepona msimu ujao.

Honi ya basi ililia. Akiba alivuta kipande kipya cha plasta, akakikata kwa meno, akakibandika juu ya kile cha zamani, akakilainisha kwa kidole gumba mpaka mapovu ya hewa yakaisha. Kilikuwa cheupe kabisa. Alikaa akikitazama, kizibo cha kalamu kati ya meno.

Honi ililia tena. Upande wa pili wa uwanja mlinzi alikuwa ameshafunga mlango mmoja wa geti na kuuzungushia mnyororo. Ule mwingine aliushika kwa mkono, ukiwa nusu wazi, akimngoja.